Nyumba Tisa Nilizozisitiri

Profesa amekufa. Habari ilinifikia Jumatatu asubuhi, nimekaa ukumbini kwangu Wete nachagua mchele, simu ikalia na nikaona jina la Bi Nao. Ameniandikia kwa Kiswahili chake kilekile cha mwaka ule, cha taratibu na adabu nyingi, kwamba mwalimu wake amefariki huko kwao Japani akiwa mzee sana, kwamba wanafunzi wake wa zamani wanakusanya kitabu cha kumkumbuka, na kwamba wangefurahi kupata ukurasa mmoja kutoka Pemba juu ya mapenzi yake kwa watu wa visiwa. Niliisoma mara mbili. Nikaweka ungo chini nikasubiri huzuni ije, kwa sababu maiti ana haki yake hata kama hakuwa wa dini yako. Haikuja. Kilichokuja ni kicheko, na nyuma ya kicheko zikaja hasira ambazo nilidhani zimekwisha siku nyingi. Nilimjibu Bi Nao kwamba yeye nampa pole, kwa kuwa yeye nampenda, lakini ukurasa wa mapenzi sinao. Ninazo kurasa nyingine, na ndizo hizi. Jina la Profesa sitalitaja humu. Yeye alitaja ya watu, na yote nitakayoeleza yametokana na hilo.

Mwaka huo nilikuwa na miaka ishirini, nimemaliza skuli, nangoja nafasi ya chuo cha ualimu ambayo kila mwezi niliambiwa ni mwezi ujao. Profesa alifika Gando mvua za masika zilipokatika, yeye na mwanafunzi wake Bi Nao na masanduku manne ya vitabu, akapanga nyumba ya matofali ya mtu aliyehamia Tanga. Alitaka mtu wa kumwandikia na kumfasiria, maana Kiswahili alichojifunza kwao kilikuwa cha kitabuni, na wazee wa Gando wakianza kusema kwa kasi yao yeye alibaki kutikisa kichwa na kutabasamu mahali ambapo hapakuwa na cha kuchekesha. Nikachukuliwa mimi. Mpishi akachukuliwa Mwanaisha, rafiki yangu tangu tulipokaa jamvi moja chuoni tukisoma juzuu, na mimi ndiye niliyempeleka. Mwanaisha alikuwa keshaposwa wakati huo. Mchumba wake, Hamad, alikuwa mtoto wa Bwana Nassor, mkubwa wa ofisi moja ya Wete, na harusi ilipangwa baada ya msimu wa karafuu. Alikubali kazi ya kupika ili ajinunulie mwenyewe vyombo vya kuingia navyo kwa mume. Alitaka birika, sufuria zenye mifuniko yake, na seti ya vikombe vyenye ukingo wa dhahabu ambayo tuliiona dukani Wete, na kila tukipita alisimama kuhakikisha haijauzwa.

Chumba cha kazi kilikuwa kile cha mbele. Meza yake ilikuwa mlango wa zamani uliolazwa juu ya mapipa mawili, bado una tumbuu yake ya kutilia kufuli, na juu yake vitabu, chupa za wino, dawa ya mbu na picha za watu nisiowajua. Adhuhuri tulikula wote pamoja mkekani, kwa sababu Profesa alikataa kuandaliwa peke yake. Mwanaisha akileta muhogo wa nazi na pweza aliyemchemsha mpaka akalainika, Profesa alifunua kawa mwenyewe, akanusa, akasema kwa sauti ya mtu anayehutubia kwamba chakula hiki ni bora. Mwanaisha alikuwa akikimbilia uani kucheka. Siku za mwanzo alikula kwa vijiti vyake, halafu akaviacha akajifunza kutumia mkono, na mchuzi ulimchirizika mpaka kwenye kiwiko kama mtoto mdogo. Tulimpenda. Nalisema hili ili anayenisikiliza asije akadhani nilimchukia tangu mwanzo. Mtu wa kwanza kunitazama akaona nina akili ya kufanyia kitu alikuwa yeye, na kama asingekuwa mwalimu mzuri hivyo nisingekuwa na hasira hizi leo.

Baada ya chakula alinisomesha. Alinieleza kwamba watu wa nje hudhani Japani yote ni kabila moja, na kwamba yeye maisha yake yote ameyatumia kuonyesha kuwa si kweli. Alinionyesha picha za Waainu wa kaskazini, ambao ardhi yao ilichukuliwa na lugha yao ikakatazwa skuli, akanieleza habari za watu wa visiwa vya Okinawa, ambao wakisema maneno mawili tu mjini wanajulikana, nikacheka, nikamwambia hao ni sisi tukishuka bandarini Unguja. Alinieleza habari za Wakorea waliozaliwa hukohuko, wao na baba zao, na bado wana majina mawili, la nyumbani na la kazini. Lakini waliomshika roho hasa walikuwa wale wa buraku. Hao, aliniambia, hawana tofauti yoyote na wenzao, si ya sura, si ya lugha, si ya dini. Tofauti yao ni kwamba babu zao zamani walichuna ngozi, walichinja wanyama, walizika maiti, na wakapangiwa mahali pao pa kukaa. Kazi zimekwisha, sheria imebadilika, lakini mtu akitaka kuoa, au kampuni ikitaka kuajiri, kulikuwa na watu wakipeleleza kisirisiri babu yako alikaa mtaa gani, na orodha za mitaa hiyo ziliwahi kuuzwa. Sifa ya Profesa kwao ilikuwa hii: aliweza kuchukua makaratasi ya zamani akatambua nyumba hizo zilikuwa wapi, si kwa yale yaliyoandikwa, bali kwa yale ambayo mwandishi aliona haya kuyaandika. Niliona ni ufundi mkubwa. Nilitamani niwe nao.

Pemba alikuja kutafuta mfano wa pili. Aliniambia anataka kujua namna watu wa kisiwa wanavyojua asili zao, akanipa daftari kubwa lenye safu tano: jina la mwenye nyumba, idadi ya watu, mashamba, kazi, na ya mwisho, asili. Nikapita Gando nyumba kwa nyumba, siku nyingine na Profesa, siku nyingi peke yangu. Watu walinikaribisha, wakanipa maji, wakajibu. Huyu alisema asili yake Shirazi, huyu Mtumbatu, huyu babu yake alikuja na jahazi kutoka Maskati akaoa hapahapa, huyu Mpemba tangu na tangu wala hataki kuulizwa zaidi. Nikaandika kama nilivyoambiwa. Lakini kulikuwa na nyumba ambazo sikuuliza. Mtu wa kwetu atanielewa bila ya maelezo, na asiye wa kwetu nitamweleza mara moja tu: kuna watu ambao wazee wao waliletwa kisiwani hawakuja, walilimishwa mashamba ya wengine, na jambo hilo kila mmoja analijua na hakuna anayelitamka. Hulitamki mbele yao, hulitamki mbele ya watoto, na wakikuuliza wageni unasema hao ni watu wetu, basi. Si uongo. Ndiyo sitara tuliyolelewa nayo. Nilipofika kwa Bi Time, mama yake Mwanaisha, alinikalisha kwenye kitanda cha kamba, akaniletea uji wa mtama, akanitazama kalamu yangu, akasema, "Andika, mwanangu. Miye n'na watoto wane na mikarafuu kumi na miwili. Na jengine wataka?" Nikamwambia sitaki jingine, Bi Time, na safu ya tano nikaiacha kama ilivyo. Kuandika kweli ilikuwa kumvua nguo. Kuandika Shirazi ilikuwa kumcheka usoni. Nikaacha nafasi tupu, nikafunga daftari, na nikatoka pale nimejiona mtu mwenye adabu. Nilipomaliza kijiji chote, nyumba nilizozifanyia adabu hiyo zilikuwa tisa.

Bi Nao alikuwa wa kwanza kuliona. Siku hiyo nilikuwa uani, nimekaa juu ya mbuzi nakuna nazi kwa sababu Mwanaisha alikwenda kisimani, na Bi Nao akaja na daftari kifuani. Alichuchumaa mbele yangu akaniuliza kwa nini hizi tisa hazina kitu. Nikamwambia ndivyo tunavyofanya, tunawasitiri. Alilifungua daftari kwenye mojawapo ya kurasa hizo. Halafu akasema, "Mize, mwalimu wangu anasoma nafasi tupu. Hiyo ndiyo kazi yake. Andika kitu. Andika chochote, kabla ya kesho." Nilimwambia mimi si mwongo, daftari la elimu haliandikwi uongo, na kwa kuwa nilisema hivyo kwa kiburi, akaamua kuniambia jambo ambalo, alisema, hajamwambia mtu yeyote aliyesoma naye. Alitoka katika mtaa kama mitaa ile aliyokuwa akiifundisha Profesa. Babu yake alikuwa akilainisha ngozi za ng'ombe. Mama yake alihama mji mara mbili ili anuani ya mtoto isije ikasomeka. Profesa hakujua, na alizoea kumsifu mbele za watu kwamba yeye ni mtafiti mzuri kwa kuwa hana upande. Alinieleza haya yote huku akikusanya chembe za nazi zilizoanguka nje ya sinia, moja moja, bila ya kuniangalia. Nikamwambia nitaandika. Nikasema kesho. Kesho yake asubuhi Profesa alikwishalichukua daftari, na mlango wa chumba cha mbele ulikuwa umefungwa.

Wiki ile tulisikia sauti zao kupitia ukutani, za Kijapani, yake ndefu na ya Bi Nao fupi. Mimi na Mwanaisha tulikuwa tukisafisha samaki, na katikati ya maneno tusiyoyafahamu tukawa tunasikia Gando, tena Gando, na mara moja, waziwazi, jina la Bi Time. Mwanaisha akacheka, akasema mama yake leo kafika Japani. Mimi nikarudia kumkosha samaki niliyekwishamkosha. Siku ya tatu Profesa alinifungulia, amefurahi, macho mekundu kwa kutolala, akanionyesha ramani ya kijiji aliyoichora mwenyewe kwa mkono, nzuri, kila njia na kila kisima mahali pake, na nyumba tisa zimetiwa wino mweusi. Akanishukuru. Alisema sijui mwenyewe nilichokifanya, kwamba nimefanya vilevile kama walivyofanya makarani wa kwao zamani, na kwamba safu ile tupu ndiyo iliyosema kuliko zote.

Nilimwomba azitoe. Nilimwomba kwanza kwa adabu, halafu kwa kulia. Nikamwambia Mwanaisha ameposwa, na kwamba kwetu jambo hili halivunji posa mpaka litamkwe. Alinisikiliza vizuri sana, kama alivyokuwa akisikiliza kila kitu, akanipa kitambaa chake. "Mize," akasema, "aibu hii si yao. Ni ya waliowatenda. Ukiificha, umekubali kuwa ni yao." Nikamuuliza kama amewauliza wenyewe. Akajibu kwa upole, "Nikiwauliza watasema hapana." Maneno yale ya mwanzo yalinisumbua miaka mingi, kwa sababu sikuwa na jibu lake, na hakuna kinachouma kama kuonewa na mtu aliyesema kweli. Jibu nililipata nilipokuwa mtu mzima, na aliyenipa ni Bi Nao. Alikuja kuandika kitabu chake mwenyewe, na mwanzoni kabisa akaandika alikotoka, mtaa gani na kazi gani ya babu yake. Aliandika yeye, siku aliyoitaka yeye. Laiti ningemtumia Profesa ukurasa ule ule alipokuwa hai, bila ya neno jingine.

Ruhusa ya utafiti ilimtaka aweke nakala ya kazi yake ofisini. Akaipeleka Wete mwenyewe, amevaa shati jeupe, ramani imekunjwa ndani. Aliyeipokea alikuwa Bwana Nassor, baba yake Hamad. Sasa, msiseme Bwana Nassor alikuwa hajui. Alijua. Wazee wake na wazee wa Bi Time walikaa jirani kabla yeye hajazaliwa, na posa aliipeleka kwa macho makavu. Asichoweza kukivumilia ni kukiona juu ya meza yake, kina muhuri wa kupokelewa, na karani wake amekwishakisoma. Alhamisi baada ya alasiri walikuja wanawake wawili kutoka Wete, nguo nzuri, udi unanukia. Mwanaisha ndiye aliyewatilia chai. Walisifu mkate wa kumimina, wakauliza hali za watoto, wakasema kijana ameona bora asome kwanza, na mambo yote ni kwa majaaliwa ya Mungu. Hawakutaja ramani. Bi Time naye hakuwauliza. Aliwasindikiza mpaka njiani, akarudi, akakosha vikombe.

Kesho yake Mwanaisha alikuja kazini kama kawaida. Alipika wali na mchuzi wa changu, akafunika kawa, akasugua masufuria yote kwa mchanga mpaka yakang'ara, akayapanga kwa ukubwa wake, akaondoka asirudi tena. Profesa akaniuliza kama anaumwa. Nikamwambia lililotokea, lote, kwa sauti ya juu ambayo sijawahi kuitumia kwa mtu aliyenizidi umri. Akasikitika. Nakubali kwamba alisikitika, uso wake ulibadilika kabisa. Lakini mkono wake ulikwenda mfukoni, ukatoa kidaftari kidogo alichokuwa haachani nacho, akaniomba nirudie: walikuja wanawake wangapi, na walisema maneno gani hasa. Nikamrudia, na yeye akaandika. Nilimtazama akiandika harusi ya rafiki yangu kwa herufi zake ndogo nzuri, na hapo ndipo nilipoapa moyoni kwamba mtu huyu hatoki kisiwani na kidaftari hiki.

Nusu ya pili ya utafiti ilikuwa Wete mjini. Mgongo wa Profesa ulikuwa ukimsumbua, na baada ya Gando aliniamini kabisa, kwa hiyo daftari la pili nililibeba peke yangu. Nilikwenda kwa Bwana Nassor. Nikaenda kwa kaka zake wawili, kwa wakwe zake, kwa wale wanawake wawili wenye udi. Walinipokea kwa heshima kwa kuwa nilikuwa na barua ya ofisi, wakanipa juisi ya ukwaju na halua, na nilipofika kwenye safu ya tano walinitajia ukoo mpaka kwa babu wa saba, jahazi lilipotia nanga, msikiti aliojenga. Mke wa Bwana Nassor alinitolea hata saa ya ukutani ya baba yake mkwe niione. Niliitikia, nilisema mashaallah, nilisogeza kalamu juu ya karatasi bila ya kuigusa. Nyumba sita nilizipitia hivyo, na zote sita safu ya tano nikaiacha tupu. Roho ilinitulia kila nilipofunga daftari. Nilikuwa nikirudi Gando kwa miguu sehemu kubwa ya njia na sikuhisi uchovu, na nikilala nililala usingizi mzuri.

Bi Nao alilipitia daftari kama kawaida yake. Alipofika kwa Bwana Nassor kidole chake kilisimama. Yeye aliwahi kuingia nyumba ile, aliiona saa ile ukutani, alisikia habari za jahazi. Alininyanyulia macho akaniuliza, "Una hakika, Mize?" Nikamwambia nina hakika. Akafunga daftari, akalibeba kwa mikono miwili, akampelekea Profesa. Jioni ile nilimsikia Profesa akitembea chumbani kutoka ukuta hadi ukuta, akicheka peke yake. Kama angemuuliza mtu mmoja Wete, mmoja tu, angeambiwa. Lakini yeye alikuwa na elimu yake, na elimu yake ilimwambia kwamba wanachosema watu ni pazia, na kilichoachwa tupu ndicho cha kweli. Sikuhitaji kumdanganya hata kwa neno.

Ofisi ilimfanyia chakula cha kuagana na hatua ya kwanza ya kazi. Ilikuwa biriani, ukumbini, meza zimeunganishwa na kutandikwa plastiki ya maua, walimu, masheha, makarani, na Bwana Nassor kwenye kiti cha mbele. Profesa alisimama kabla watu hawajamaliza, akabandika ramani mbili ukutani, ya Gando na ya Wete, akaanza kusema Kiswahili chake kizuri cha kitabuni. Alisema ametoka nchi ambayo mtu hunyimwa kazi na mke kwa sababu ya babu yake, na amefurahi kuona Pemba mtu anaweza kutoka katika asili ya utumwa akafika mpaka kwenye uongozi. Akageuka, akanyoosha kalamu yake kwenye nukta nyeusi iliyo kubwa kuliko nyenzake. "Mfano bora," akasema, "ni nyumba ya mwenyeji wetu." Alikusudia kumheshimu. Naapa kwa Mungu alikusudia kumheshimu, na hilo ndilo lililoufanya utamu wake ukanikaa ulimini miaka yote hii. Bwana Nassor alikuwa na tonge mkononi. Alilirudisha kwenye sahani, akaomba maji, na sote tukasikia maji yale yanavyomiminwa kwenye bakuli. Alikosha vidole kimoja kimoja, akajifuta.

"Profesa, umekula?"

"Nimekula, ahsante sana."

"Alhamdulillahi. Basi safari njema."

Alitoka, na nyuma yake wakatoka wengine kwa vyeo vyao, mpaka tukabaki sisi watatu na masinia. Ruhusa yake ilifutwa kabla wiki haijesha. Makaratasi yalizuiliwa ofisini, madaftari yote mawili, ramani zote, na kile kidaftari kidogo cha mfukoni, na kitabu cha Pemba hakikuandikwa kamwe. Siku ya kuondoka alinijia barazani, mgongo umempinda, akaniuliza kama wanafunzi wanavyomuuliza mwalimu, "Mize, ulikosea?" Nilikuwa nimelisubiri swali hilo. Nikamjibu, "Mimi sikuandika kitu, Profesa. Uliyesoma ni wewe." Aliniangalia muda mrefu, na nilipoona kwamba ameelewa, nikaingia ndani. Bi Nao aliniaga kwa kuniinamia, chini sana, akakawia kuinuka.

Wete walicheka miezi. Bwana Nassor akipita sokoni watu waliulizana habari za mashamba kwa sauti. Alikuwa na binti wa skuli, miaka kumi na mitatu, ambaye wenzake walimpachika jina, akawa anazunguka njia ya nyuma ili asipite mbele ya maduka. Huyo sikumfikiria wakati ule. Nilikuwa na furaha iliyonijaa mpaka kooni, na ilibaki kazi moja tu, kuipeleka kwa mwenyewe. Nikaenda kwa Bi Time. Karafuu zilikuwa zimeanza kuingia, na Mwanaisha alikuwa amekaa jamvini peke yake anachambua, anatenga vikonyo, vidole vimekuwa vyeusi. Nikakaa mbele yake nikamhadithia yote, daftari la pili, juisi ya ukwaju, kalamu juu ya ramani, tonge, maji. Nilimwigiza Profesa, nikamwigiza Bwana Nassor. Nikamwambia tumewaweza, Mwanaisha, wote wawili, kwa siku moja. Aliendelea kuchambua mpaka nilipomaliza, na hakucheka hata pale palipokuwa pa kuchekwa.

"Mize," akasema, "nyumba zile za Wete. Weye ulitaka watu waseme wametokana na nani?"

Nikaokota kikonyo kilichoanguka nje ya jamvi.

"Na siye," akasema. "Ulitafuta cha kuwatukania, hukuona chengine ila miye."

Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayenirejeshea kitu nilichokisahau kwake, halafu akavuta fungu jingine la karafuu. Nilikaa pale mpaka wakati wa alasiri. Mwaka uliofuata aliolewa Tanga na fundi cherehani, akazaa, tukaonana harusini na misibani, tukasalimiana vizuri kila mara, tukaulizana hali za watoto. Profesa nimemlipiza na wala sijuti. Mwanaisha sikumwomba radhi hata siku moja, na huu ni mwaka wa tatu yumo kaburini.